Komeo la Saa Tano Usiku

Kuna piano moja unaijua. Noti nne hivi, zinashuka polepole, zinanyamaza, zinarudi tena. Huanza pale kamera inapomwonyesha mtoto akiruka mtaro wa maji taka, au mama akipuliza jiko la makaa. Piano hiyo haijawahi kuishi Eastlando. Haijawahi kupanga foleni na mtungi wa lita 20 wakati mifereji imekauka. Lakini ndiyo hutuongelea kwenye filamu nyingi fupi zinazopigwa huku kwetu kwa pesa za wafadhili. Piano ikikosekana, huletwa king'ora na ngoma nzito, ili mtazamaji ajue kijana mwenye kofia atapora simu ya mtu kabla dakika ya kumi haijafika.

Piano inasema: waonee huruma. King'ora kinasema: waogope. Mtu ambaye hajawahi kushuka Jogoo Road akitazama filamu hiyo, ameshaamua atuchukulie vipi kabla mwigizaji hajafungua mdomo. Macho yanajua kwamba yanaonyeshwa kitu, kwa hivyo yanaweza kubisha. Masikio hayabishi.

Nafikiria sana jambo hili kwa sababu ni kazi yangu, angalau kazi yangu ya usiku. Mchana naandika: makala, maneno ya matangazo, hadithi za biashara za watu ambazo mimi mwenyewe siwezi kununua bidhaa zao. Chuo niliacha mwaka wa tatu. Sitakupa hadithi ndefu: karo ilikataa, na mimi nikakataa kuendelea kuisubiri. Nikarudi mtaani, Maringo, kwenye keja ya mabati iliyopachikwa nyuma ya nyumba ya kanjo, na huko ndiko natengeneza muziki wa filamu ndogo. Nasema ndogo kwa maana ya bajeti. Zile zinazopigwa kwa kamera ya kukodi wikendi mbili, waigizaji wakilipwa nauli na sahani ya pilau iliyopikwa na mathe wa mwelekezi.

Muziki wenyewe ni wa majaribio. Hauna gitaa, hauna kinanda, mara nyingi hauna hata mdundo. Nachukua sauti za kawaida, mlango, nyundo, honi ya treni kutoka upande wa Makadara, halafu nazivuta, nazikata, nazipanga moja juu ya nyingine mpaka ziwe kitu kinachoweza kubeba picha. Mathe wangu huuita "ile kelele yako". Anauliza kila Jumapili, bila ubaya, "Na ile kelele yako imefika wapi?"

Kuna watu hudhani mambo haya ni ya wazungu wenye muda. Historia haisemi hivyo. Mwaka 1944, kijana Mmisri aitwaye Halim El-Dabh aliazima mashine ya kurekodia sauti kwenye waya, akaenda nayo kwenye sherehe ya zaar jijini Cairo, ngoma ya uponyaji inayoongozwa na wanawake. Akarudi na sauti zao, akaanza kuzichezea: akapunguza hiki, akaongeza mwangwi, mpaka maneno yakayeyuka na ukabaki mvumo tu. Ilikuwa miaka minne kabla Pierre Schaeffer, kule Paris, hajarekodi treni zake mwaka 1948 na kuupa muziki wa aina hiyo jina la Kifaransa ambalo vitabu vingi vinalikumbuka. Vitabu vinamkumbuka aliyeupa jina kuliko aliyetangulia. Weka hilo akilini, tutalirudia.

Na hapa Nairobi si kwamba tunaanza sufuri. Jim Chuchu, aliyekuwa mmoja wa Just a Band, alielekeza Stories of Our Lives mwaka 2014 na muziki wake akautengeneza yeye mwenyewe. Filamu ya rangi nyeusi na nyeupe, bajeti ya kufunga mkanda, iliyofika Toronto na Berlin huku hapa nyumbani ikipigwa marufuku. Mbithi Masya, wa bendi hiyo hiyo, akaja na Kati Kati mwaka 2016. Halafu kuna Joseph Kamaru, anayejiita KMRU, mjukuu wa yule Joseph Kamaru wa nyimbo za Kikuyu ambazo wazee wetu wanazijua kwa moyo. Albamu yake Peel ya mwaka 2020 ina kipande cha zaidi ya dakika 20 ambacho ukikisikiliza ndani ya mat iliyokwama kwenye jam, hutajua jam imeisha saa ngapi. Na Nyokabi Kariũki, ambaye mwaka 2022 alitoa peace places: kenyan memories, akitumia sauti alizorekodi na lugha za nyumbani kama vyombo vya muziki. Mimi sijafika kwa hao. Nawataja ili ukisikia nimerekodi komeo la mlango, usifikiri ni njaa.

Sasa, komeo.

Rafiki yangu mmoja, tuliyesoma pamoja sekondari, ni mwelekezi. Mwaka juzi alipiga filamu ya dakika 17. Hadithi yake ni fupi: mama anapika, anapakua sahani mbili, anakula moja, ya pili anaifunika. Anamsubiri kijana wake. Kijana harudi. Hakuna anayesema kilichompata, na mtazamaji wa Eastlando hahitaji kuambiwa. Mwaka 2017 Mathare Social Justice Centre ilitoa ripoti kuhusu vijana waliouawa na polisi, ripoti iliyouliza kwenye kichwa chake: nani anafuata? Tangu hapo swali halijazeeka. Huku kwetu sahani iliyofunikwa inaeleweka.

Rafiki yangu alitaka piano. Alinitumia mfano kutoka YouTube. "Kitu kama hii," akasema, "lakini iwe yetu."

Nikamwambia anipe wiki mbili.

Milango mitatu kutoka kwangu anaishi mama ambaye kijana wake alitoka jioni moja, miaka kadhaa iliyopita, na hajarudi. Jina lake silitaji, aliniomba hivyo. Nilikwenda nikamweleza kila kitu: filamu ni ya nini, muziki unatengenezwaje, nataka kurekodi jikoni kwake akipika, hatapigwa picha. Akaniangalia kama anayejiuliza chuo kilinifundisha nini hasa katika ile miaka miwili na nusu. Kisha akasema, "Kuja Jumanne. Lakini usinikalie njiani."

Jumanne haikufaa. Alipika kama anayepikia kamera, mwiko ukigonga sufuria taratibu kama mgeni anayebisha hodi. Jumatano jirani aliweka mechi kwa sauti ya juu. Alhamisi akanisahau. Nilikuwa nimekaa kwenye kistuli karibu na ndoo, rekoda mapajani, na yeye akawa yeye. Makaa yakalia. Ugali ukasongwa kwa ile sauti nzito inayotoka kifuani mwa sufuria. Kifuniko kikazunguka sakafuni na kutulia. Redio nilimwomba aizime, kwa sababu nyimbo za redio zina wenyewe.

Saa tano akaenda mlangoni akasimama. Kwenye rekodi kuna sekunde 19 ambazo hakuna kinachotendeka. Usidhani ni kimya. Kwenye nyumba za mabati hakuna kimya, kuna sauti za wengine tu: mtu anakohoa ukuta wa pili, mtoto analilia nyonyo, mat ya mwisho inashusha abiria barabarani. Halafu komeo, chuma juu ya chuma, mara moja.

Nilipofika kwangu nilisubiri mpaka saa tisa usiku, maana huo ndio wakati wangu wa kazi. Kabla ya saa kumi na nusu, azana na makanga wa kwanza hawajaamka, unaweza kusikia vitu. Nikavaa hedifoni, nikafungua faili. Na hapo, kabla ya komeo, chini kabisa, karibu na pumzi, kulikuwa na jina. Alikuwa amemwita. Mara mbili. Mimi niliyekuwa mita mbili kutoka kwake sikusikia, maiki ilisikia.

Asubuhi nikampelekea. Nikamvalisha hedifoni, nikabonyeza. Alisikiliza akiangalia sakafu. Akazivua.

"Kumbe huwa naita?" akauliza.

Sikuwa na jibu. Akanirudishia hedifoni na kuniambia kuwa kila siku hafungi komeo kabla ya saa tano, kwa sababu kijana wake alikuwa na mazoea ya kuingia saa nne na nusu, na ukiongeza ya kuchelewa kidogo, saa tano. Akifunga mapema anahisi amemfungia nje. Hilo la komeo alilijua. La kuita hakulijua.

Nikamuuliza kama naweza kuitumia kwenye filamu. Akafikiria siku mbili. Akasema sawa, kwenye filamu.

Ngoja nikueleze nilichofanya, maana watu huogopa kompyuta bure. Ukichukua rekodi na kuicheza kwa nusu ya kasi yake, sauti inashuka oktavu moja. Nusu tena, oktavu ya pili. Nusu tena, ya tatu. Komeo la sekunde moja linakuwa sekunde nane, na kile kilio chembamba cha chuma kinageuka kengele kubwa inayolia chini ya maji. Msuguano ambao sikio halikuushika, sasa unasikika kama mtu anavuta pumzi. Sikuongeza chombo chochote. Nilienda Kamukunji, kwa mafundi wa jua kali wanaotengeneza masanduku ya shule, nikarekodi nyundo zao, halafu kwenye programu nikakata ule mwanzo wa kila pigo na kubakisha mkia peke yake. Ukitoa pigo, nyundo haijulikani tena kuwa nyundo. Inabaki mng'ao unaoning'inia hewani. Nikauweka mbali, nyuma ya komeo. Chini ya vyote nikalaza ile hewa ya nyumba yake, zile sekunde 19, nikazirudiarudia kwa namna ambayo huwezi kusikia zinapoungana.

Jina sikulivuta wala kulibadilisha. Nililiweka mara moja tu, mwishoni, kama lilivyo.

Rafiki yangu akaja kusikiliza. Akakaa kitandani kwangu, kwa sababu kiti ni kimoja.

"Buda, hii ni mlango."

"Ndiyo."

"Watu watalia aje na mlango?"

"Si lazima walie."

Akanyamaza. Nikaweka picha juu ya sauti, tukaanza tena kutoka mwanzo, dakika zote 17. Ilipofika pale mama wa filamu anaifunika sahani, alishika kichwa kwa mikono miwili. Ilipoisha akasema, "Toa hiyo ya mwanzo, imejaa sana. Lakini hapo mwisho iwache iende refu." Hiyo ndiyo lugha yake ya kukubali. Piano haikutajwa tena.

Miezi miwili baadaye ukaja ufadhili. Shirika moja la nje, silitaji, lilikuwa limeipenda filamu na lilitaka kulipia hatua za mwisho: kusawazisha rangi, kusawazisha sauti, kuipeleka kwenye matamasha. Kwangu kulikuwa na shilingi 35,000. Wakati huo kodi ya keja ilikuwa 4,500 na nilikuwa nadaiwa ya miezi miwili, kwa hivyo usifikiri nilizisoma hizo namba kwa utulivu. Nilishazigawanya kichwani kabla sijafungua mkataba.

Mkataba ulikuwa kurasa tatu. Kwenye ukurasa wa pili ulisema muziki wote, pamoja na rekodi zote ghafi zilizotumika kuutengeneza, unakuwa mali ya shirika, ulimwenguni kote, milele, kwa matumizi yoyote na kwa njia zozote zilizopo sasa au zitakazobuniwa baadaye. Rekodi zote ghafi. Yaani si kengele ya chini ya maji peke yake. Jikoni lote, siku zote tatu. Jina.

Nikaanza kusoma sheria, kwa sababu kusoma ni kitu nilichoendelea nacho hata baada ya chuo. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 iko mtandaoni, bure, na kifungu cha 31 ningependa kila mtu anayetengeneza kitu Nairobi akijue. Kinasema kazi ikiagizwa na mtu ambaye si mwajiri wako, hakimiliki inahesabiwa kuwa imehamia kwa aliyeiagiza, isipokuwa mmekubaliana vingine. Isome tena. Wengi wetu hudhani msimamo wa kawaida ni kwamba uliyeunda ndiye mwenye kitu, mpaka usaini kukitoa. Kwa kazi ya kuagizwa ni kinyume: ukinyamaza, umetoa. Ukitaka kubaki na kitu, lazima mkubaliane, na makubaliano ya mdomo kwenye kibanda cha chai hayana shahidi ila mwenye kibanda.

Huenda unauliza, komeo litakuwa na thamani gani kwa mtu wa ng'ambo? Labda hakuna. Lakini tuna historia ya sauti zinazochukuliwa na watu wenye nia njema. Mwaka 1950 Hugh Tracey alipita Kenya na mashine yake, akarekodi wasichana wa Kipsigis wakiimba, pamoja na wengine wengi. Mwaka 1954 akaanzisha maktaba ya muziki wa Kiafrika kule Afrika Kusini, na rekodi zikakaa huko. Ilikuwa zaidi ya miaka 60 baadaye ndipo nakala zikaletwa kwenye vijiji zilikotoka, wengine wakisikia sauti za ndugu zao kwa mara ya kwanza tangu siku ile. Mwaka 2022 KMRU alitoa albamu inayoitwa Temporary Stored, iliyojengwa juu ya rekodi za zamani za Kiafrika zilizohifadhiwa kwenye jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji. Ukiisikiliza unasikia watu ambao sauti zao zimebaki na majina yao huenda hayajabaki. Tracey aliziokoa sauti hizo, hilo ni kweli, bila yeye huenda tusingekuwa nazo. Lakini kuokoa kitu na kuwa na ufunguo wake ni mambo mawili.

Nikaenda kwa yule mama. Hili halikuwa langu peke yangu kuamua.

"Mama, kuna watu wanataka kununua sauti ya komeo lako."

Akacheka, akacheka mpaka akafuta macho kwa leso. "Wakinunua, mimi nitafunga mlango na nini?"

Nikamweleza vizuri, maneno ya mkataba moja moja kwa Kiswahili: milele, kila mahali, kwa matumizi yoyote. Akaacha kucheka. Akauliza kama "matumizi yoyote" inamaanisha wanaweza kuiweka kwenye tangazo. Nikasema inamaanisha hivyo. Akauliza kama mimi ningelipwa. Nikamwambia kiasi, na kwamba nusu ingekuwa yake. Akanyamaza tena, na mimi nikamwacha, kwa sababu 17,500 kwake pia si pesa ya kuchezea.

"Komeo wachukue," akasema mwishowe. "Na ugali wachukue. Lakini venye namwita, hapana. Hiyo nilikupatia ya filamu tu."

Nikaandika barua pepe ya heshima. Nikapendekeza shirika liwe na haki ya kutumia muziki ndani ya filamu hii, popote na kwa muda wowote filamu itakapoonyeshwa. Rekodi ghafi zibaki. Sauti ya mama isitumike mahali pengine popote. Jibu lilikuja na mistari miwili: mkataba ni ule ule kwa kila mradi na haubadilishwi.

Sikusaini.

Ningependa kukuambia kwamba ilikuwa rahisi, lakini filamu haikuwa yangu. Rafiki yangu alikuwa ameuza pikipiki yake kuipiga. Bila sahihi yangu, shirika lisingetoa pesa za hatua za mwisho, na yeye ndiye aliyekuwa ameshawaambia waigizaji wake kuhusu matamasha. Alikuja kwangu usiku, hakukaa kitandani safari hii. Alisimama mlangoni.

"Ni sekunde mbili, mse," akasema. "Tuitoe hizo sekunde mbili, usaini hizo zingine."

"Mkataba unataka rekodi zote ghafi. Hata tukiitoa kwenye filamu, kwenye faili iko."

"Basi ifute."

Nilifikiria kuifuta. Nilifikiria kwa dhati, karibu wiki nzima. Lakini ile faili ndiyo mahali pekee ambapo mama yule anasikika akimwita mwanawe, na aliniambia nimwekee nakala. Kuifuta ili nipate ruhusa ya kuuza iliyobaki, hapana, hesabu hiyo sikuiweza. Nilimwambia rafiki yangu hivyo. Akaondoka bila kusema kwaheri, na tukakaa miezi minne hatuongei. Mtaani ukikosana na mtu si kama mtandaoni. Unakutana naye kwa duka, kwa kinyozi, kwa kibanda cha chapati. Mnaangaliana kama watu wanaodaiana.

Ufadhili ulienda kwa filamu nyingine. Nimeiona. Ina piano.

Mwishowe filamu yetu ilimaliziwa chumbani. Rangi alisawazisha jamaa mmoja wa Buruburu kwa deni. Sauti nilisawazisha mimi, usiku, stima ikipotea mara mbili. Rafiki yangu alituma faili na mimi nikarudisha, tukiandikiana maneno matatu matatu. Ilionyeshwa Jumamosi moja kwenye ukumbi wa kanisa hapa mtaani, kwa projekta ya kuazima na shuka nyeupe, watu kama 60, nusu yao watoto. Mama yule alikuja na kuketi karibu na mlango.

Sitakudanganya kwamba ukumbi ulinyamaza. Watoto walipiga kelele, simu zikalia, mzee mmoja aliuliza kwa sauti kama spika zimeharibika. Lakini ilipofika mwisho, ile hewa ya nyumba, zile sekunde zinazorudi na kurudi, niliona watu wazima wanaanza kuangalia mlango wa ukumbi. Siyo shuka. Mlango. Mmoja, kisha wengine watatu, wanne. Halafu jina, halafu komeo.

Nilimsindikiza mama nyumbani. Tulipofika kwa bomba la maji akasema, "Hapo kwa mlango mmengoja sana."

Nikamuuliza kama ni refu kupita kiasi, naweza kupunguza.

"Hapana," akasema. "Ndivyo."

Baada ya hapo watu kadhaa, vijana wadogo kwangu, wameniuliza wanaanzia wapi. Jibu la vifaa ni fupi. Simu yako inatosha kuanza. Programu ya Audacity ni bure. Kwa filamu rekodi kwa kiwango cha 48,000 badala ya 44,100 cha muziki wa kawaida, mhariri atakushukuru. Kila mahali unaporekodi, kaa dakika moja zaidi bila kufanya lolote, ichukue hewa ya hapo, utaihitaji. Jibu la pili ni refu kidogo. Mwulize mwenye sauti, na mwulize tena baada ya kumsikilizisha, kwa sababu mara ya kwanza hajui amekupa nini. Na chochote mnachokubaliana na mwelekezi, hata kama ni rafiki yako wa dhati, hasa kama ni rafiki yako wa dhati, kiandikeni na mtie sahihi kabla ya noti ya kwanza.

Kuna sababu nyingine ya kuharakisha. Hizi nyumba zetu za kanjo kila mara zinatajwa kwenye mipango ya kubomoa na kujenga upya. Pangani nyumba za zamani zimeshapisha maghorofa. Sipingi maghorofa, choo cha ndani ni kitu kizuri, muulize yeyote aliyewahi kutoka nje saa nane usiku kwenye mvua. Lakini milango hii itaenda na makomeo yake, na picha peke yake hazitatukumbusha jinsi jioni ilivyokuwa ikifungwa hapa, mlango baada ya mlango, kuanzia saa tatu, wa mwisho saa tano.

Mwezi uliopita rafiki yangu alinitumia ujumbe. Ana filamu mpya, dakika 20, kuhusu kinyozi. Alikuwa ameambatisha karatasi moja ya makubaliano, ameiandika mwenyewe kwa Kiswahili, na mstari wa kwanza unasema sauti ni za wenyewe. Chini yake kuna nafasi tatu za sahihi: yake, yangu, na ya yeyote tutakayemrekodi. Nilisahihisha herufi mbili, nikasaini. Malipo ni sufuri, kama kawaida, na sahani ya pilau.